Ziwa Likifungwa, Deni Halilali

Kilwa ya Katanga, 6 Oktoba 2024

Jeanine mdogo wangu,

Huku ng'ambo ya ziwa tuko wazima. Mama anakohoa kidogo asubuhi lakini chakula anakula, na anakusalimu wewe na shemeji Davison. Barua hii anakuletea Ruffin wa boti. Usimlipe chochote, nimeshamlipa, na akikuambia sijamlipa ujue ndiyo tabia yake.

Bon, basi. Naandika kwa sababu simu imetushinda. Tukianza habari za pesa unalia, mimi napaza sauti, salio linaisha, na Kilwa nzima imeshajua mambo yetu. Karatasi haina kelele.

Nimepata mtu wa kununua kiwanja cha marehemu baba, kile anachokaa mama. Ni mfanyabiashara kutoka Lubumbashi, anataka kujenga depo ya bia karibu na soko. Anatoa dola elfu tatu na mia tano. Najua umeshtuka, lakini nisikilize mimi yaya wako, kaka yako mkubwa. Nyumba ya mama inavuja. Mimi nashinda njiani na mizigo ya watu. Mke wangu na mama hawaivi chungu kimoja, hilo unalijua tangu harusi. Wewe una nyumba ya matofali ya kuchoma, vyumba vitatu, pale Nchelenge bomani, upande wa Zambia, na hospitali iko karibu. Mkopo wa hiyo nyumba mlichukua mwaka 2019, sasa mnalipa mwaka wa sita. Kitakuwa kimebaki kimkia tu. Tuuze kiwanja, tumalize hicho kimkia, mama aje kukaa kwako kwa amani mpaka Mungu atakapomwita.

Nataka jibu la swali moja: imebaki kiasi gani?

Yaya wako,
Blanchard


Nchelenge, 19 Oktoba 2024

Yaya Blanchard,

Barua yako imefika, imelowa pembe moja na inanuka makayabu, samaki wa chumvi, lakini nimeisoma yote. Ruffin alisema hujamlipa. Nimempa bukari, ugali wetu, na mboga, akanyamaza.

Swali lako siwezi kulijibu sawasawa kwa sababu mimi mwenyewe sijui. Davison alisaini, nami nikasaini chini yake kama mke. Tulichukua kwacha elfu mia moja na hamsini kwa ile ofisi ya mikopo ya nyumba ya Mansa, tulipe miaka kumi na mitano, kila mwezi elfu tatu na kitu. Tunalipa. Samaki wakiwa wengi tunalipa huku tunacheka, wakiwa wachache tunalipa huku tumefunga mkanda. Mwezi wa kumi na mbili, wa kwanza na wa pili, serikali ikifunga ziwa ili samaki wazae, tunapumzika kama watu wote wa huku, halafu mwezi wa tatu tunaanza tena. Davison aliwaeleza siku ya kwanza kabisa kwamba riziki yetu ni samaki na ziwa lina miezi yake. Yule kijana wa ofisi alitikisa kichwa vizuri, akasema hakuna shida, wao wanalijua ziwa. Na kweli, kila mwezi wa tatu tukirudi wanapokea pesa, wanatupa risiti, hakuna anayeuliza mlikuwa wapi.

Wewe mwenyewe si unawakopesha wavuvi nyavu na mafuta? Mwezi wa kwanza ukipita mlangoni kwa mtu unayemdai, unasalimia, unaulizia watoto, unaendelea na safari. Atakayedai samaki wakati ziwa limefungwa atasemwa kwamba hakulelewa. Deni linalala pamoja na mitumbwi, na likiamka mwezi wa tatu liko vilevile, halijanenepa. Ndivyo tulivyokua wote, huku na ng'ambo.

Davison akipiga hesabu anasema tumeshalipa kupita pesa yenyewe tuliyokopa. Kwa hiyo labda ni kimkia kweli.

Yaya, nimechoka. Sijui mara ya mwisho nilinunua kitenge changu mwenyewe. Nikimgeuza samaki wa kuuza juu ya moto sioni samaki, naona ofisi ya Mansa. Nikipata usingizi mzuri nashtuka, nadhani nimesahau kitu. Kama kiwanja cha baba kitatutoa hapa, kiuze. Ila mama aulizwe kwanza, na aulizwe taratibu, usimwamrishe kama mtu wa kubeba mizigo. Mimi na Davison tutakwenda Mansa kuomba hesabu kamili kabla ziwa halijafungwa.

Mdogo wako,
Jeanine


Kilwa ya Katanga, 2 Novemba 2024

Jeanine,

Mambo yanakwenda! Yule mtu wa Lubumbashi ametoa avansi ya dola mia tano mkononi mwangu, mbele ya mashahidi. Tutasaini tarehe 15 Desemba kwa shefu wa mtaa, na siku hiyo hiyo atamaliza zilizobaki.

Mama nilimwuliza taratibu kama ulivyotaka. Alimaliza kwanza kumenya muhogo wake. Kisha akasema, "Kama ni kwa Jeanine, ntaenda. Lakini kule kuko fasi ya kulima mihogo?" Nikamwambia iko. Iko, si ndiyo? Tangu siku hiyo amefunga sufuria zake kwenye kitambaa, kila asubuhi anazifungua apike, jioni anazifunga tena.

Kuna jambo nilitaka liwe siri lakini siwezi kukaa nalo. Ile avansi nimenunua salon. Viti vitano vya sofa, rangi ya divai, na meza yake ya kioo. Dada yangu hawezi kumkaribisha mama yangu kwenye viti vya plastiki. Viko kwangu kwa sasa, mke wangu anavikalia kwa hasira.

Nimewaambia watu hapa sokoni kwamba sisi sasa tuna nyumba Zambia, imelipwa. Wengine hawakufurahi, nimewaona.

Lakini mbona katika barua yako yote hukuandika neno karibu? Uliandika mambo ya ofisi, ukaandika mambo ya uchovu. Karibu sikuiona. Mama pia aliniuliza kama uliiandika, nikamdanganya kwamba ndiyo.

Yaya wako,
Blanchard


Nchelenge, 17 Novemba 2024

Yaya,

Tumetoka Mansa. Usiuze kwanza. Ofisi bado wanatafuta mafaili, hesabu haijakamilika.

Mama asije mwezi huu. Tunapaka rangi vyumba na harufu yake haitamfaa kwa kile kikohozi. Mwambie karibu, karibu sana, ila angoje mvua zipite.

Wasalimu wote nyumbani.

Jeanine


Kilwa ya Katanga, 27 Novemba 2024

Jeanine,

Rangi! Mimi ni mtu mzima, nimezika baba, nimelea watoto, unaniambia habari ya rangi?

Nilimwuliza Ruffin. Anasema amepita kwako kuchukua barua, hakuna rangi, hakuna ngazi, hakuna hata brashi. Umekaa uani na shemeji hamsemezani.

Sasa nimeelewa. Davison hamtaki mama. Au ni wewe. Umekaa na watu wa bomani mpaka unaona haya mama mzee wa Kilwa, anayesema Kiswahili cha kwetu na hajui neno la Kizungu, akae mbele ya majirani zako. Kama ni hivyo niandikie hivyo, nitalia siku moja nitamaliza. Usinipake rangi.

Nani aliuza baiskeli yake ili wewe umalize shule ya Masista? Sitaki kukumbusha lakini umenifikisha hapa. Kila siku mama anafunga sufuria na kufungua. Nikirudi kutoka safari nakuta ananitazama mikononi kama nimeleta barua. Nimechoka kuwa mtoto pekee aliye karibu.

Tarehe 15 nasaini. Pesa nitaileta mwenyewe, na mama nitamleta mwenyewe, na tutaona nani atatufungia mlango.

Blanchard


Nchelenge, 4 Desemba 2024

Yaya Blanchard,

Usisaini. Hata kama hutasoma mpaka mwisho, soma hapo: usisaini.

Ziwa limefungwa tangu Jumapili na boti za kwenda huko zimepungua, lakini Ruffin amesema anapeleka unga. Nimemwapisha kwamba barua hii akupe mkononi. Nilikudanganya habari ya rangi. Davison aliniomba nisiseme mpaka apate namna, na mimi mwenyewe niliona haya, si kwa ajili ya mama. Siku hizi namwota mama, na wewe unafikiri namkataa. Imeniuma sana.

Nakueleza tulivyokwenda Mansa. Tuliingia tumevaa vizuri, Davison na koti lake la kanisani. Tulikwenda kama watu wanaokwenda kuuliza kimebaki kimkia gani. Alitupokea mama mmoja anaitwa Mukuka, si mtu mbaya, alitupa viti na maji. Alisema nasi kwa Kibemba, nakuandikia kwa maneno yetu. Alitazama mashine yake, akatutazama, akatazama tena. Akasema, "Baba, mama, mweye mulikopa mia moja na makumi tano. Leo iko mia mbili na makumi tano."

Elfu mia mbili na hamsini, yaya. Tumelipa miaka sita na deni limekuwa kubwa kuliko siku ya kwanza.

Davison alicheka. Alidhani ametutajia hesabu ya mtu mwingine. Akatoa risiti zote, akazipanga mezani kama karata. Yule mama hakuzikataa hata moja. Akasema zote ziko kwenye mashine, ni kweli tumelipa zaidi ya elfu mia moja na sitini. Kisha akatueleza, nami nitajaribu kukueleza kwa sababu nilimfanya arudie mpaka nikaelewa.

Pesa ya kila mwezi haiendi kwenye nyumba. Inakwenda kwanza kwenye interesti, ambayo ni bei ya kukaa na pesa yao. Interesti ikishiba, kilichobaki ndiyo kinakwenda kwenye nyumba. Unaukumbuka mwezi wa kwanza wa mkopo, tulipolipa tukachinja kuku tukakutumia picha? Mwezi ule tulilipa elfu tatu na themanini na saba. Interesti ilikula elfu tatu. Nyumba ikapata themanini na saba. Hiyo ni bei ya chupa ya mafuta ya kupikia. Interesti inakula samaki, nyumba inapewa mifupa, na hivyo ndivyo ilivyoandikwa tangu mwanzo, hakuna aliyetuibia.

Sasa ile miezi mitatu ya ziwa. Davison akamwambia, kwa upole tu, kwamba miezi ile deni linalala, walikubali wenyewe. Yule mama akaweka kalamu chini. Akasema, "Interesti haijue kama ziwa balifunga. Iko nakula kila siku, hata Noeli." Kumbe kila mwaka tulipopumzika, interesti ya miezi ile ilipanda juu ya deni, ikawa deni, nayo ikaanza kuzaa interesti yake, na faini juu. Mwezi wa tatu tulirudi tukiwa na nguvu mpya, tukalipa, tusifike hata pale tulipokuwa Novemba. Barua za onyo walizituma kwenye sanduku la posta la kile chama cha wavuvi kilichokufa. Simu walipiga kwenye laini ya Davison iliyozama na mtumbwi. Na kila walipotaka kupeleka faili kwa mwanasheria, tulikuwa tumeshatokea na pesa.

Davison akauliza, na yule kijana aliyesema mnalijua ziwa? Amehamishiwa Kasama. Yule mama akasema labda alitaka tu kuwa na adabu kwa wateja. Nimefikiria sana jambo hilo. Hakutudanganya. Alitikisa kichwa kama mtu anavyoitikia mkubwa wake anapoeleza shida zake, nasi tukachukua kichwa chake kama sahihi.

Nikamwuliza swali ambalo ningepaswa kuuliza miaka sita iliyopita. Kama tungelipa kila mwezi bila kukosa, ziwa wazi au limefungwa, nyumba ingekuwa bei gani mwisho wa miaka kumi na mitano? Akabonyeza. Zaidi ya elfu mia tano na hamsini. Karibu nyumba nne, yaya, na sisi tunakaa ndani ya moja. Karatasi yenye namba hiyo ilikuwepo siku ya kusaini. Sisi tulitazama namba ya mwezi, tukaona tunaiweza.

Kwenye minibasi Davison alizihesabu risiti moja moja mpaka tukafika Mwense. Hapo akasema, "Jeanine, mi nilifikiri tuko tunalipa nyumba." Basi. Hajanywa pombe, hajafuata wanawake, hajala pesa. Nakuambia kwa sababu najua utafikiri hivyo. Alijinyima viatu miaka yote hii. Sasa anaamka asubuhi anakaa uani, anazitazama nyavu zilizokunjwa, na mimi nampelekea uji.

Ofisi wametupa mpaka mwisho wa mwezi wa tatu. Tulete malimbikizo yote, au tuuze wenyewe, au watauza wao. Na sasa nakuambia jambo ambalo limenifanya niandike leo. Nilipiga hesabu ya dola zako elfu tatu na mia tano. Nilifikiri ninyamaze, uuze, tuziweke zote pale. Siku mbili nzima nilikuwa naandika kichwani barua ya kukuambia uza. Halafu nikaigeuza kuwa kwacha, nikaitoa kwenye deni. Inaturudisha kwenye elfu mia moja hamsini na kitu. Inaturudisha siku ile tuliyosaini. Kiwanja cha baba, mihogo ya mama, vyote vingelala pale mezani, na mwezi unaofuata interesti ingenawa mikono na kuketi kabla ya watu wote.

Hapo tungekuwa wote hatuna pa kwenda. Usisaini, yaya.

Mdogo wako,
Jeanine


Kilwa ya Katanga, 20 Desemba 2024

Jeanine mdogo wangu,

Ruffin alikaa na barua yako mfukoni tangu alipofika. Alikuta msiba Kilwa, msiba ulikuwa na pombe, unajua mengine. Alinipa tarehe 14 jioni, natoka kunyoa nywele kwa ajili ya kesho yake.

Kwanza niliandika barua nyingine. Niliandika kwamba Davison amekunywa pesa na anakufundisha kusema interesti. Niliandika kurasa mbili, matusi mazuri. Kisha nikasoma tena ya kwako, ile sehemu ya mafuta ya kupikia, nikaichana ya kwangu. Mwambie shemeji nimemwomba radhi kwa maneno ambayo hakuyasoma.

Lakini watu wale wa Mansa wanakunywa maji ya ziwa gani? Mtu anakukuta nyavu ziko juu ya paa na anaendelea kukuhesabia! Nimekopesha watu maisha yangu yote. Nimekasirika mpaka mke wangu akanionea huruma, jambo ambalo si la kawaida.

Asubuhi nilikwenda kwa shefu wa mtaa, nimevaa suti, nikasema siuzi. Yule mtu wa Lubumbashi alikuwa ameshaleta pesa kwenye bahasha. Hakupiga kelele, hao wakubwa hawapigi kelele. Alisema tu, "Bon, rudisha avansi yangu." Na avansi ilikuwa ni sofa. Ikabidi nimwuzie sofa. Alitoa dola mia tatu, akasema meza ya kioo ina mkwaruzo. Mia mbili zilizobaki nitamlipa kwa kumbebea bia zake bure mpaka Pasaka. Kwa hiyo sasa hivi amekalia viti vyangu na bado ananidai. Soko zima linajua. Wale ambao hawakufurahi wamefurahi.

Mama sijamwambia habari ya deni. Nilimwambia mnunuzi amebadilisha mawazo. Alifungua sufuria zake, akaziweka kwenye kichanja, akasema, "Basi ntapanda mihogo, mvua isipite." Siku hiyo alikula vizuri kuliko miezi yote. Nilitoka nje nikasimama nyuma ya nyumba. Jeanine, mimi nilisema ni kwa ajili yake. Kweli ni kwamba nilikuwa nataka kutua mzigo. Namchosha, ananichosha, nikaona nyumba yako kama mahali pa kumweka nipumue. Ningemtoa kwenye ardhi yake kwa sababu ya usingizi wangu. Hilo silisemi kwa mtu mwingine.

Uzeni hiyo nyumba kabla hawajaiuza wao. Usiniletee habari ya aibu, aibu nimeshaimaliza yote mimi hapa sokoni. Kiwanja kina nafasi upande wa mashariki. Davison anajua nyavu, huku pia kuna ziwa.

Noeli njema, kama inawezekana.

Yaya wako,
Blanchard


Nchelenge, 4 Machi 2025

Yaya Blanchard,

Ziwa limefunguliwa Jumamosi. Mitumbwi imetoka yote, Kashikishi, kwenye soko la samaki, kumejaa kelele na moshi, na mimi sikwenda kununua hata samaki mmoja. Ni ajabu kukaa bila kazi.

Nyumba tumeiuza. Mnunuzi ni muuguzi wa hospitali ya hapa, Chisomo, binti wa Chipata, hajafika hata miaka thelathini. Ametoa elfu mia tatu na kumi. Ofisi ya Mansa wamekata chao chote, na mwanasheria akakata chake. Kilichobaki kinatosha mtumbwi wa mbao, nyavu, na bati chache. Davison alihesabu, akahesabu tena, akasema afadhali, maana alidhani tutatoka na nguo tu.

Ila pesa ya Chisomo haikuwa yake. Amekopa kwa ofisi ile ile, yule mama Mukuka yule yule, miaka ishirini. Nilipojua nikamwita kabla hajasaini. Nilimweka jikoni, nikamweleza yote, interesti inayokula kwanza, miezi mitatu, barua za onyo, nyumba nne ndani ya moja. Sikumficha kitu, hata kama ningeweza kumkosa mnunuzi. Alisikiliza vizuri sana, kama wauguzi wanavyomsikiliza mgonjwa. Kisha akasema yeye mshahara wake unakatwa serikalini, haujui ziwa. Kweli. Nikamwambia aulize jumla, ile ya mpaka siku ya mwisho. Akasema ameuliza, amelia, na bado anaitaka.

Halafu akaniuliza, "Mama, kama ungejua yote ile tangu mwanzo, ungekaa nyumba ya kupanga maisha yako yote?"

Yaya, nilimmiminia chai kwanza. Asubuhi ile niliamka kabla ya Davison, nikaegemea ukuta wa sebuleni, ule tuliopiga plasta wenyewe kwa mikono, na ulikuwa baridi na mzuri. Nilikuwa nimeuchukia miezi yote hiyo na bado niliuegemea. Nikamwambia Chisomo sijui. Akanishika mkono. Akasaini kesho yake, na tayari amenunua mapazia. Nilimwonyesha bomba la bafuni ambalo lazima ulifunge kwa kitambaa, na dirisha ambalo mvua ya kusini inapitia.

Davison amezunguka vyumba vyote jana akiokota misumari yake ukutani. Nikamwambia aiache. Akasema misumari alinunua yeye, hiyo haikuwa kwenye mkopo. Tulicheka, yaya, tulicheka mpaka nikakaa chini, na nilipokaa chini sikuweza kuinuka haraka. Nimechoka uchovu ambao sidhani usingizi utautoa, lakini ni mara ya kwanza tangu mwaka 2019 mwezi umeanza na hakuna mtu wa kumlipa ninayemfikiria.

Tunavuka Alhamisi na vitu vyetu. Usije na watu pwani, na usimwambie mama kwa nini tunakuja. Akiniuliza nyumba iko wapi nataka nimjibu mwenyewe, nimeketi mbele yake, kwamba nililipa miaka sita na sikununua hata dirisha. Halafu nitamwomba anionyeshe pa kulala.

Mdogo wako,
Jeanine